Mama wa Makanisa ya Uluguru

Ndugu msomaji, ukimwuliza mtoto wa Morogoro ni nani walioileta imani ya Kikristo katika milima ya Uluguru, atakujibu upesi kwamba ni mapadre wa Kizungu. Jibu hilo si la uongo, lakini ni nusu tu. Nusu ya pili imo katika mawe ya kanisa la kale lililoko pwani, Bagamoyo, nayo inatuhusu sana sisi akina mama. Ni habari ya wasichana waliotekwa wangali wadogo, wakauzwa, wakakombolewa, wakaolewa, kisha wakajitwika mizigo yao na kufuatana na waume zao kuja bara kuanzisha vijiji vya Kikristo.

Mwezi huu tumeona ni vema tuwaeleze wasomaji wetu habari za kanisa hilo na za mabinti zake walioko huku milimani. Hatuwaelezi kwa ajili ya kujifurahisha tu. Makanisa yetu ya zamani yamechoka, na katika parokia nyingi watu wanazungumza juu ya kubomoa na kujenga jipya. Kabla nyundo haijainuliwa, inafaa tujue tunabomoa nini.

PWANI NA BARA NI NYUMBA MOJA

Huenda msomaji akauliza, Bagamoyo inahusianaje na Uluguru? Inahusiana kama mama na binti zake. Mapadre wa Shirika la Roho Mtakatifu walifika Zanzibar mwaka 1863, na mwaka 1868 wakavuka bahari na kuanzisha misheni Bagamoyo wakiongozwa na Padre Antoine Horner. Msalaba uliosimama karibu na ufuko mpaka leo ni ukumbusho wa kufika kwao.

Kutoka hapo walifuata njia ya misafara iliyokwenda bara. Mwaka 1877 walianzisha misheni ya Mhonda, chini ya milima ya Nguru. Mwaka 1882 wakafika Morogoro, na mwaka 1884 Tununguo. Mwaka 1897 wakaanzisha Matombo, katika miteremko ya mashariki ya Uluguru.

Uhusiano huo ulidumu hata katika uongozi wa Kanisa. Mwaka 1906 eneo lote hilo liliwekwa chini ya askofu wa Bagamoyo. Mwaka 1953 likawa Jimbo la Morogoro, na Bagamoyo yenyewe, mama mzazi, ikawa parokia ndani ya jimbo la binti yake. Ilibaki hivyo kwa zaidi ya miaka 70, mpaka Bagamoyo ilipofanywa jimbo lake lenyewe mwaka 2025.

MNARA ULIOPEWA JINA LA MGENI

Kitu cha kwanza ambacho wageni huonyeshwa katika misheni ya Bagamoyo ni mnara mdogo wa mawe, sehemu iliyobaki ya kanisa la kwanza la mwaka 1872. Mwaka huo ulikuwa wa taabu. Mwezi wa Aprili tufani kubwa iliipiga pwani na kuyabomoa majengo ya misheni. Bara nako, mwaka huo huo, mafuriko yaliharibu mji wenye kuta uliokuwa mahali ilipo Morogoro ya leo. Mji huo uliitwa kwa jina la mwanamke aliyeutawala, Simbamwene, binti wa Kisabengo. Kwa hiyo pwani na bara zilijengwa upya wakati mmoja.

Mnara huo leo unaitwa Mnara wa Livingstone. Daktari David Livingstone, msafiri na mmisionari kutoka Scotland, alifariki mwaka 1873 katika kijiji cha Chitambo, kwenye nchi ambayo leo ni Zambia. Watumishi wake waliuzika moyo wake chini ya mti, wakaukausha mwili kwa chumvi na jua, wakauchukua kwa miguu zaidi ya kilomita 1,500 mpaka pwani. Majina ya Chuma na Susi yanajulikana na wengi. Lakini katika msafara ule walikuwamo pia wanawake, mmojawapo akiwa Halima, mpishi wa Livingstone. Wanaume wakisifiwa kwa kubeba maiti, nasi tujiulize ni nani aliyepika chakula chao miezi yote ile.

Walifika Bagamoyo Februari 1874. Mwili ulilazwa katika kanisa la misheni usiku mmoja, kisha ukapelekwa Zanzibar na hatimaye Uingereza, ukazikwa tarehe 18 Aprili 1874 katika kanisa la Westminster Abbey, London. Kanisa hilo lilianza kujengwa upya mwaka 1245 kwa amri ya Mfalme Henry wa Tatu. Basi mtu huyo mmoja alipumzishwa katika makanisa mawili: moja lina umri wa miaka miwili, jingine zaidi ya mia sita.

Angalia jambo hili, ndugu msomaji. Mnara umeitwa kwa jina la mgeni aliyelala humo usiku mmoja, tena akiwa maiti. Waliochota maji, waliosomba mawe na waliochoma chokaa ya kuujenga hawatajwi. Wala si huku kwetu tu. Uingereza kila kijiji cha kale kina kanisa lake la mawe, na mengi yana umri wa miaka 600, 700 au hata zaidi. Matajiri waliotoa fedha wamelala ndani yake chini ya sanamu zao za mawe. Wanakijiji waliotoa jasho lao wamelala nje, chini ya majani.

WASICHANA WASIO NA MAMA

Ni akina nani basi waliokuwa watu wa misheni ile? Wengi walikuwa watoto. Wengine mapadre waliwanunua sokoni Zanzibar ili kuwakomboa. Baada ya Sultani Barghash kutia sahihi mkataba wa kufunga masoko ya watumwa mwezi Juni 1873, wengine waliletwa na manowari za Kiingereza zilizokamata majahazi yaliyobeba watumwa kwa siri. Wavulana walilelewa na mapadre na mabruda. Wasichana walilelewa na masista waliotoka kisiwa cha Réunion, ambao walikuwa wameanza kazi Zanzibar tangu mwaka 1860.

Kisa cha msichana mmoja kimehifadhiwa. Aliitwa Swema, mtoto wa Kiyao. Baba yake alifariki, na mama yake akashindwa kulipa deni. Mdai akamchukua Swema badala ya mali, akamwuza kwa wafanya biashara wa msafara. Mama hakukubali kutengana na mwanawe, akafuata msafara kwa hiari yake. Njiani alichoka, akaachwa afe, na Swema akalazimishwa kuendelea bila yeye. Alipofika Zanzibar alikuwa amedhoofika hata akadhaniwa kuwa karibu ya kufa, akazikwa kaburini juu juu angali hai. Kijana mmoja aliyekuwa akipita usiku alisikia kilio chake, akamfukua na kumpeleka kwa masista. Padre Horner aliyaandika masimulizi hayo, nayo yakachapishwa Ufaransa. Kila mama anayekisoma kisa hiki husimama pale njiani, penye yule mama aliyemfuata mwanawe mpaka miguu ikagoma.

Wasichana wa namna hiyo walifundishwa sala, kusoma, kushona na kulima. Walipofikia umri wa kuolewa, waliozwa vijana waliokombolewa kama wao, wakapewa nyumba na shamba katika kijiji cha misheni. Hapo ndipo familia nyingi za kwanza za Kikristo pwani yetu zilipoanzia.

Lakini tuseme kweli yote, maana watoto wetu wataisoma kwingine tusipowaambia. Maisha ya kijiji cha misheni yalikuwa ya amri nyingi. Kengele iliwaamsha, kengele iliwapeleka kazini, kengele iliwarudisha. Walikuwa huru kwa sheria, lakini hawakuwa na wazee wa ukoo wa kuwasemea katika mambo ya ndoa, wala mjomba wa kwenda kumlilia. Wengine waliipenda misheni kama nyumba yao ya pekee duniani. Wengine walitoroka. Kuyajua hayo hakuipunguzii heshima kazi ya masista wale, ambao wengi wao walikufa kwa homa mbali na kwao. Kunatufundisha tu kwamba aliyekombolewa huhitaji pia kusikilizwa.

KANISA KUBWA NA VILIVYO KANDO YAKE

Kanisa kubwa linaloonekana leo Bagamoyo lilijengwa kati ya mwaka 1910 na 1914, wakati wa Wajerumani, likamalizika mwaka ule ule Vita Kuu ya Kwanza ilipoanza. Limejengwa kwa mawe ya matumbawe na chokaa, kama yalivyojengwa majengo mengine ya kale ya pwani. Kuta zake ni nene, na ndani mna ubaridi hata jua liwe kali.

Kando yake viko vitu vinavyofaa kutazamwa na familia nzima. Kuna pango la Bikira Maria lililojengwa mwaka 1876 kwa mikono ya waliokuwa watumwa. Kuna nyumba ya zamani ya masista, ambayo sasa ni makumbusho. Kuna makaburi ya wamisionari. Ukisoma miaka iliyoandikwa juu yake utaona jinsi wengi walivyokufa vijana, kabla dawa ya malaria haijawa kitu cha kawaida.

Kuna pia mbuyu uliopandwa karibu na mwaka 1868. Wenyeji husimulia kwamba mama mmoja Mfaransa, Madame Chevalier, aliyekuja kuhudumia wagonjwa, alizoea kufunga punda wake kwa mnyororo kwenye mbuyu huo. Baadaye mnyororo ukaachwa pale. Mti uliendelea kunenepa, ukaumeza mnyororo, na leo kipande kidogo tu hutokeza nje ya gome. Mtoto akikiona atauliza maswali mengi. Mjibu yote.

MABINTI WA MILIMANI

Misheni ya Mhonda ilipoanzishwa, mapadre hawakuja peke yao. Walikuja na wanandoa vijana kutoka Bagamoyo, ili kijiji kipya kiwe na nyumba za Kikristo tangu siku ya kwanza. Desturi hiyo iliendelea katika misheni nyingine za bara. Fikiri maana yake. Jirani aliyetaka kujua Mkristo anaishije hakwenda kwa padre kwanza. Alimtazama yule mke kijana anavyosonga ugali, anavyomlea mtoto, anavyosema na mumewe. Kabla ya kanisa la mawe kulikuwa na jiko la mawe matatu, na hapo ndipo mahubiri ya kwanza yalipofanyika.

Mke yule aliingia nchi yenye desturi ngeni kwake. Waluguru huhesabu ukoo kwa upande wa mama. Mtoto ni wa ukoo wa mama yake, na mashamba ya ukoo hufuata njia hiyo hiyo. Mwanamke wa Kiluguru alikuwa na shamba la kwao na wajomba wa kumtetea. Jirani yake aliyetoka Bagamoyo hakuwa na ukoo wowote ila wale aliobatizwa pamoja nao. Kwake yeye Kanisa halikuwa jengo la kwenda Jumapili. Lilikuwa ndilo ukoo wake.

Hata jina la Matombo linatukumbusha mama, kwa maana katika Kiluguru ni maziwa ya mama, nalo limetokana na umbo la vilima vya mahali pale. Mahali penye jina hilo ndipo kulipojengwa mojawapo ya misheni kongwe za Uluguru.

Pamoja na imani ilikuja mimea. Mapadre walileta mbegu za kahawa kutoka Réunion, wakazipanda Bagamoyo, kisha wakazipandisha Morogoro na mpaka Kilimanjaro. Na mwaka 1937, katika uongozi wa Askofu Bernard Hilhorst, lilianzishwa Mgolole shirika la masista Waafrika, Masista wa Moyo Safi wa Maria. Miaka 77 baada ya masista wa Réunion kufika Zanzibar, binti za nchi hii walianza kushika wenyewe kazi ya kulea, kufundisha na kutibu. Mwaka 1966 Adriani Mkoba aliteuliwa kuwa askofu wa kwanza Mwafrika wa Morogoro.

KABLA YA KUINUA NYUNDO

Sasa tugeukie jambo lililotufanya tuandike. Sheria ya Mambo ya Kale ya Tanzania ya mwaka 1964 huyalinda yenyewe majengo yaliyojengwa kabla ya mwaka 1863. Yaliyojengwa baadaye hulindwa iwapo serikali imeyatangaza rasmi. Misheni zote tulizozitaja zilianzishwa baada ya mwaka huo. Maana yake ni kwamba mlinzi wa kwanza wa kanisa la kale la kijijini ni waamini wake, na ninyi akina mama mnaolifagia kila Jumamosi mnalijua kuliko mtu ye yote.

Hatusemi kila ukuta mkongwe ubaki. Watu wameongezeka, na kanisa lililotosha mwaka 1900 haliwezi kutosha leo. Mama mwenye watoto wanaosimama nje mvuani Misa nzima ana haki ya kutaka kanisa kubwa. Lakini kuna njia ya kujenga jipya bila kupoteza la kale. Bagamoyo walijenga kubwa mwaka 1914, na mnara wa mwaka 1872 bado wanao. Kwa hiyo tunashauri haya:

Kwanza, waulizeni bibi. Jungu kuu halikosi ukoko. Kila parokia ya zamani ina mwanamke mzee aliyesikia kwa mama yake ni nani aliyebeba mawe, maji yalichotwa mto gani, kengele ilifika kwa njia gani. Mwandikeni maneno yake katika daftari, mkitaja jina lake na mwaka. Akifa kabla hamjamwuliza, hakuna fundi awezaye kuijenga habari hiyo upya.

Pili, linadeni vitabu vya ubatizo na ndoa. Uingereza serikali iliamuru mwaka 1538 kwamba kila parokia iandike ubatizo, ndoa na maziko. Leo watu wa kawaida wa huko, wasio na mali wala cheo, huweza kuyaona majina ya mababu zao wa karne nyingi kwa sababu ya vitabu hivyo. Vitabu vyetu vya misheni vina kazi hiyo hiyo, na zaidi, kwa kuwa yatima aliyekombolewa huenda hana mahali pengine popote jina lake lilipoandikwa. Shaurianeni na paroko vikae ndani ya sanduku la chuma, mbali na mchwa na unyevu, na vipigwe picha.

Tatu, mkikarabati, msiwe na haraka ya saruji. Ukuta wa kale wa mawe na chokaa huingiza unyevu na kuutoa. Ukipakwa saruji ngumu, maji hunaswa ndani, na baada ya miaka michache ukuta huanza kumomonyoka. Mtafuteni fundi anayeijua chokaa.

Nne, kama ni lazima kubomoa, basi pigeni picha kila upande, ndani na nje. Hifadhini kengele, birika la ubatizo na jiwe la msingi, mviweke katika kanisa jipya mahali pa kuonekana. Mwanamke aliyebatizwa katika birika lile, naye akambatizia watoto wake hapo, asilikute limekuwa chombo cha kunyweshea kuku.

Tano, wapelekeni watoto Bagamoyo. Kutoka Morogoro ni safari ya saa chache kwa basi kupitia Chalinze na Msata. Kikundi cha akina mama kikichanga kidogo kidogo kwa mwaka mmoja chaweza kukodi basi dogo na kwenda na watoto. Msiwaonyeshe mnara tu na kuwaambia kisa cha Livingstone. Waonyesheni pango, na kuwaambia lilijengwa na nani.

Katika Agano la Kale, Yoshua aliwaamuru Waisraeli wachukue mawe kumi na mawili kutoka mto Yordani na kuyasimamisha, ili siku zijazo watoto wakiuliza maana yake, wazazi wawe na jibu. Mawe yenyewe hayasemi. Kazi yake ni kumfanya mtoto aulize, na kazi ya kujibu ni ya mzazi. Basi mwanao akikuuliza kanisa letu la Uluguru lililetwa na nani, mjibu kwamba lililetwa na mapadre na masista waliovuka bahari, na na wasichana waliouzwa kama mbuzi, ambao walipopata nyumba zao wenyewe walifungua mlango kwa majirani.